Jemu ya Tlawi haiivi kwa kipimo cha pwani

*Mapera, ngano na ulezi vinapatikana Mbulu na Hanang. Kuvigeuza kuwa vipande vya kuoka vinavyouzika ni safari inayopita kwenye jiko la mkaa, mizani, ofisi za viwango na bei ya sukari.*

Na Mwandishi Wetu, Tlawi, Mbulu

Kipimajoto kilifika 98, kikajikongoja hadi 99, kisha kikawa kama kimegoma.

Nilikuwa nimechuchumaa uani mbele ya jiko la mkaa, asubuhi ya ukungu, upande wa Ziwa Tlawi. Ndani ya sufuria kilo moja ya rojo la mapera ilikuwa ikitokota pamoja na gramu 700 za sukari. Karatasi ya mapishi niliyokuja nayo ilisema wazi: jemu imeiva ikifika nyuzijoto 104.

Mama mwenye nyumba hajawahi kumiliki kipimajoto. Aliniita mwanangu, akaniambia niipue, imeshaiva. Mimi nikaishika karatasi yangu, nikaendelea kukoroga. Rangi ya waridi ikageuka kahawia, harufu ya mapera ikamezwa na harufu ya sukari inayoungua. Ilipofika 104 mwiko ulikuwa mzito mkononi. Ilipopoa, mwiko huohuo ulisimama wima katikati ya sufuria kama umechimbiwa.

Jemu hiyo ilikuwa ya kupaka katikati ya vipande vya kuoka: chini tabaka la unga wa ngano na siagi, katikati jemu, juu chenga za oti zilizookwa zikawa za kahawia. Ni kitafunwa kinachouzwa kwenye migahawa ya mijini na hoteli za watalii. Nilitumwa kuangalia kama kinaweza kutengenezwa Tlawi, kwa vitu vya Tlawi, na kumpa mpishi wake kipato. Sufuria iliyoharibika ikanipa jibu la kwanza: kinaweza, ila vipimo vyake havina budi kusomwa upya mahali vinapotumika.

Maji ya Mbulu huchemka mapema

Mji wa Mbulu na vijiji vinavyouzunguka vimekaa kwenye nyanda za juu, zaidi ya mita 1,700 kutoka usawa wa bahari, na vilele vya jirani hupita mita 2,000. Ukipanda kila mita 300, kiwango cha joto cha maji kuchemka hushuka kwa takriban nyuzi moja. Dar es Salaam maji huchemka yakifika nyuzi 100. Huku juu hutosha 94 hivi.

Jemu huiva inapozidi mchemko wa maji wa mahali hapo kwa nyuzi nne hadi tano. Kwa hiyo ile 104 ya kwenye karatasi ni ya mtu anayepikia kando ya bahari. Kwa Tlawi hesabu hiyohiyo inaleta 98 au 99. Wakati mimi nadhani kipimajoto kimegoma, jemu ilikuwa tayari.

> Pwani jemu huiva kwa nyuzi 104. Tlawi huiva kwa nyuzi 98 au 99.

Siri ya kuganda iko kwenye pektini, aina ya nyuzilishe iliyo ndani ya kuta za seli za tunda. Mkemia Mfaransa Henri Braconnot aliieleza mwaka 1825. Pektini peke yake haigandi. Inahitaji sukari nyingi ya kuvuta maji na uchachu wa kutosha. Mapera yana pektini tele, hasa yale ambayo bado ni magumu kidogo, lakini hupungukiwa uchachu, ndiyo maana limau halikosekani.

Mbulu ina msaada mwingine ambao wapishi wengi hawajautumia. Katika Bonde la Yaeda, upande wa chini wa wilaya, wanakoishi Wahadzabe, kuna mibuyu. Unga wa ubuyu una pektini na uchachu kwa pamoja. Vijiko vitatu vya unga huo uliochekechwa vinaimarisha sufuria ya mapera yaliyoiva kupita kiasi, yale ambayo mpishi angeyatupa.

Mwinuko unagusa hata usalama. Chupa za jemu huchemshwa kuua vimelea kabla ya kujazwa. Miongozo ya uhifadhi inataka dakika 10 kwa maeneo ya chini, na dakika moja zaidi kwa kila mita 300 za kupanda. Kwa Tlawi ni dakika 16 hivi. Anayefuata dakika za pwani anadhani chupa zake ni salama, kumbe bado.

Kipande kilichotoka mbali

Vipande vya jemu na oti asili yake ni nchi za baridi. Uingereza ina desturi ya kunyunyizia chenga za unga, siagi na sukari juu ya matunda na kuyaoka, na inaaminika kuwa ilienea zaidi wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, mgawo wa chakula ulipobana unga na siagi. Kwenye nyanda za ngano za Canada kipo kipande ambacho ni ndugu kabisa wa hiki, kinachojazwa tende badala ya jemu, na huko hukiita keki ya ndoa.

Canada si jina geni hapa mkoani Manyara. Kuanzia miaka ya 1970, kwa msaada wa nchi hiyo, shirika la umma la NAFCO liliendesha mashamba saba makubwa ya ngano wilayani Hanang: Basotu, Setchet, Mulbadaw, Gidagamowd, Murjanda, Gawal na Warret. Sehemu kubwa ya ardhi hiyo ilikuwa malisho ya Wabarbaig, na kesi ya wanakijiji wa Mulbadaw dhidi ya shirika hilo ilifika hadi Mahakama ya Rufani mwaka 1985.

Historia hiyo ina uzito hata kwa anayeoka trei moja. Mradi ulipimwa kwa ekari na magunia, huku swali la nini kinabaki mikononi mwa jirani wa shamba likiachwa nyuma. Ngano inayoondoka wilayani ikiwa nafaka na kurudi ikiwa mkate huacha faida yake njiani. Mapera nayo yakiuzwa kwa ndoo kando ya barabara, bei hupangwa na mwenye gari. Yakiwa kwenye chupa iliyofungwa vizuri, muuzaji anaweza kusubiri miezi, na anayesubiri ndiye anayepatana bei.

Oti, shayiri na ulezi

Kabla ya kuoka kuna mkanganyiko wa majina wa kuondoa. Watu wengi huita oti shayiri. Shayiri ni nafaka nyingine, ile inayotumika kutengenezea bia, na hulimwa katika wilaya jirani ya Karatu. Oti zinazopatikana madukani mwetu ni punje zilizoviringishwa kwa mvuke zikawa bapa, na nyingi huingia nchini kwenye maboksi na makopo kutoka nje. Anayeagiza shayiri kwa ajili ya chenga za juu ataletewa punje ngumu zisizotafunika.

Hapa ndipo waokaji wanapotofautiana. Upande mmoja unashikilia oti. Bapa zake hugeuka kahawia vizuri kwenye siagi, hutoa ile sauti ya kutafunika ambayo mteja wa hoteli anaitarajia, na zina nyuzilishe zinazosaidia kupunguza lehemu mwilini. Kwao, kuziondoa ni kubadili kitafunwa chenyewe.

Upande wa pili unauliza kwa nini mpishi wa Tlawi ategemee boksi la ng'ambo wakati ulezi uko sokoni. Ulezi una kalsiamu ya takriban miligramu 340 katika kila gramu 100, kiwango ambacho ni mara kadhaa ya kile cha oti. Kwa wilaya zenye watoto wanaohitaji kujengeka mifupa, hoja hiyo haipiti hivihivi.

Nilijaribu njia zote mbili. Unga laini wa ulezi pekee ulitoa chenga kavu kama mchanga, kwa kuwa haushikani kama ngano. Ulezi uliokaangwa kidogo kisha ukasagwa kwa ukali, ukachanganywa na karanga zilizotwangwa na unga wa ngano, ulikaa vizuri na ukatoa rangi nzito na harufu ya uji wa nyumbani. Mchanganyiko wa nusu oti nusu ulezi ndio uliokuwa na sauti mdomoni pamoja na ladha. Naamini huo ndio wa kuanzia: unapunguza gharama ya boksi la nje bila kumpoteza mteja aliyezoea oti.

Chenga chini, jemu katikati, chenga juu

Kazi yenyewe haihitaji mashine. Chukua gramu 250 za unga wa ngano, gramu 200 za oti au mchanganyiko wa oti na ulezi, gramu 100 za sukari na chumvi kidogo. Weka gramu 200 za siagi ya baridi iliyokatwakatwa, usugue kwa ncha za vidole mpaka unga uwe kama chenga za mchele.

Baridi ya Mbulu ni neema hapa. Siagi haiyeyuki mkononi kama inavyoyeyuka pwani, na chenga hubaki zimeachana. Joto la viganja likianza kuzishika, bakuli hutolewa nje dakika kumi, kisha kazi inaendelea.

Theluthi mbili ya chenga hushindiliwa kwenye trei ya sentimita 20 kwa 30 iliyopakwa mafuta. Gramu 350 za jemu hupakwa juu, zikiacha ukingo wa upana wa kidole ili jemu isiungue pembeni. Chenga zilizobaki hunyunyizwa bila kushindiliwa. Zikikandamizwa huwa gamba gumu.

Kwenye oveni ni nyuzi 180 kwa dakika 35 hadi 40. Nyumba nyingi hazina oveni, lakini kupalia moto ni elimu ya zamani. Sufuria kubwa huwekewa mchanga mkavu chini, mawe matatu juu ya mchanga, kisha trei, halafu mfuniko wenye makaa juu yake. Makaa ya juu yawe mengi kuliko ya chini, la sivyo jemu itaungulia kwenye kitako huku chenga zikibaki nyeupe.

Baada ya hapo inahitajika subira. Trei ikikatwa ikiwa ya moto, jemu humwagika na chenga husambaratika. Ikiachwa ipoe kabisa, kisu hupita mara moja na kutoa vipande 24 vyenye kingo safi, tabaka tatu zikionekana kwa upande.

> Mpishi mwenye haraka hupata makombo. Aliyesubiri trei ipoe hupata vipande 24.

Wanunuzi wapo njia nzima

Kwa mwenye kuangalia soko, Tlawi haiko pembezoni sana. Kuna wanunuzi wa karibu: maduka ya Mbulu mjini, shule, watu wanaotoka kanisani Jumapili. Kuna minada, ile siku ambayo ng'ombe, nguo na nyama choma hukutana uwanja mmoja, na mtu aliyetembea tangu alfajiri hutafuta kitu cha kula na chai.

Kuna pia Karatu, lango la Ngorongoro. Watalii wanaoshuka kreta hubebeshwa chakula cha mchana kwenye boksi, na mara nyingi humo hukuta kipande kitamu cha kutafuna. Vipande vinavyokaa siku kadhaa bila kuharibika, visivyoyeyuka kwenye gari, vinafaa kabisa kwa boksi hilo.

Lakini hoteli hainunui kwa mapenzi. Inataka ladha ileile kila wiki, risiti, lebo yenye tarehe, na alama ya ubora. Hapo ndipo mjadala mkubwa unapoanza.

Sheria na uani

Julai 1, 2019, usimamizi wa usalama wa chakula uliondolewa katika iliyokuwa Mamlaka ya Chakula na Dawa, TFDA, na kupelekwa Shirika la Viwango Tanzania, TBS. Anayetaka kuuza jemu au keki zilizofungashwa anatakiwa kusajili jengo na bidhaa, na wanaoshika chakula wawe wamepimwa afya. Maofisa afya wa halmashauri hukagua usafi.

Hoja ya wasimamizi ina nguvu. Jemu iliyofungwa kwenye chupa chafu huota ukungu, na jemu isiyofika asilimia 60 ya vitu vilivyoyeyuka, kiwango cha kimataifa cha Codex, haina ulinzi wa sukari unaoifanya idumu. Karanga zilizohifadhiwa kwenye unyevu huweza kuwa na sumukuvu, ambayo haiondoki kwa kuokwa. Mtoto anayenunua kipande shuleni hana namna ya kukagua uani kilikotoka. Sheria ndiyo inayokagua kwa niaba yake, na isilegezwe.

Hoja ya wapishi nayo ina nguvu. Ofisi ya TBS ya Kanda ya Kaskazini iko Arusha. Ofisi ya mkoa ya Shirika la Kuhudumia Viwanda Vidogo, SIDO, iko Babati. Mama anayeoka trei mbili kwa wiki akihesabu nauli, siku zilizopotea na chumba maalumu cha kuokea, anaona ni afadhali abaki kuuza kwa majirani kimyakimya. Akibaki kimya, ukaguzi haumfiki, na yule mtoto anabaki bila ulinzi uleule ambao sheria iliwekwa kumpa.

Milango ipo. SIDO, iliyoanzishwa mwaka 1973, hufundisha usindikaji na kutoa barua ya utambulisho ambayo humwezesha mjasiriamali mdogo kuanza kupata alama ya ubora ya TBS bila malipo. Halmashauri zinatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: nne kwa wanawake, nne kwa vijana, mbili kwa watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo ilisitishwa mwaka 2023 na kurejeshwa mwaka 2024. Kikundi cha wanawake watano hakihitaji kiwanda. Kinahitaji mizani, chupa, meza inayosafishika na mtu wa kuwaonyesha.

> Sheria inayomlinda mlaji imfuate mpishi hadi kijijini. Wote wawili watalindwa.

Sukari, moto na afya

Sukari ndiyo roho ya jemu, na ndiyo hatari yake. Mwanzoni mwa 2024, baada ya mvua za El Niño kuzuia uvunaji wa miwa, sukari iliadimika nchini, kilo ikapita shilingi 4,000 katika baadhi ya maeneo na serikali ikatangaza bei elekezi. Mpishi ambaye bidhaa yake inategemea sukari kwa zaidi ya nusu ya uzito alisimama, au alipandisha bei akapoteza wateja. Anayetaka kudumu kwenye kazi hii hana budi kununua akiba wakati bei imetulia.

Kwa mlaji, hesabu ni rahisi. Trei niliyoieleza ina karibu gramu 290 za sukari iliyoongezwa, kwenye jemu na kwenye chenga. Kipande kimoja kinabeba gramu 12. Shirika la Afya Duniani mwaka 2015 lilishauri sukari ya aina hiyo isizidi asilimia 10 ya nishati ya siku, yaani kama gramu 50 kwa mtu mzima. Kipande kimoja na chai isiyo na sukari ni sawa. Vinne ni karibu kikomo cha siku nzima.

Wilaya hii ina sababu ya kulisema hili bila kuzunguka. Haydom, yenye hospitali ya Kilutheri iliyofunguliwa mwaka 1955, ilikuwa moja ya vituo vinane vya utafiti wa kimataifa wa MAL-ED kuhusu lishe na makuzi ya watoto, na udumavu ulionekana kuwa tatizo zito. Kipande kitamu hakiwezi kuchukua nafasi ya maharage, maziwa na mboga. Kinaweza kumpa mama fedha ya kuvinunua, na kwangu hiyo ndiyo thamani yake kubwa.

Moto nao una bei yake. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia wa 2024 hadi 2034 unalenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi. Nyanda hizi zinategemea misitu kama Nou kwa maji na mvua, na kila gunia la mkaa linahesabika. Kikundi kinachooka trei nane kwa mkupuo mmoja kwenye oveni moja ya pamoja hutumia moto kidogo kuliko nyumba nane zinazopalia kila moja kivyake. Oveni ya pamoja ndiyo pia rahisi kukaguliwa. Hapo mazingira na sheria vinadai kitu kimoja.

Asubuhi ya pili

Kesho yake nilirudi uani nikiwa na mizani. Mizani haijali mwinuko: rojo kilo moja na sukari gramu 700 ni kilo 1.7, na jemu hufika kiwango chake inapobaki kilo 1.3. Nilipima sufuria tupu kwanza, nikaandika uzito wake kwa chaki ukutani.

Mama aliweka sahani ya bati nje kwenye ukungu ili ipoe. Ndicho kipimo chake: tone la jemu kwenye sahani ya baridi, kidole kinalisukuma taratibu, likikunjamana juu kama ngozi ya maziwa, jemu imeiva. Ni kipimo cha wapishi duniani kote, na kinafanya kazi katika mwinuko wowote.

Tulikoroga kwa zamu. Mapovu makubwa ya mwanzo yakawa madogo na mazito, na sauti ya sufuria ikashuka. Rangi ilikuwa bado waridi. Nikatia kipimajoto, kikasoma 98. Nikainua sufuria hadi kwenye mizani, nikatoa uzito ulioandikwa ukutani: kilo 1.3. Mama akadondosha tone kwenye sahani, akalisukuma kwa kidole. Likakunjamana.

Safari hii alipoipua, sikubisha.